Lugha hukua midomoni: Funzo la mtangazaji wa soka wa Kikatalani

LUGHA haiponi kwa kamusi pekee. Hii ndiyo hoja ninayotaka tuitafakari leo, na shahidi wangu ni mtangazaji wa kandanda wa Barcelona, Joaquim Maria Puyal.

Kikatalani hakikukosa wataalamu. Baraza la wasomi, Institut d'Estudis Catalans, liliasisiwa mwaka 1907. Kanuni za tahajia zikatolewa 1913, na kamusi ya Pompeu Fabra ikachapishwa 1932. Lakini Jenerali Franco aliposhinda vita vya wenyewe kwa wenyewe nchini Uhispania mwaka 1939, lugha hiyo iliondolewa shuleni, ofisini na redioni. Hata klabu ya Barcelona ilibadilishiwa jina lisomeke Kihispania. Watu walikizungumza Kikatalani nyumbani; hadharani, kimya.

Franco alifariki Novemba 1975. Tarehe 5 Septemba 1976, Puyal, kijana wa miaka 27, alitangaza mechi ya Barcelona na Las Palmas kwa Kikatalani kupitia Ràdio Barcelona. Hebu fikiria kibarua hicho! Mpira haumsubiri mtu afungue kamusi. Wasikilizaji wengi walikuwa wamezoea soka ya redioni kwa Kihispania, na sasa kila tukio lilihitaji jina papo hapo. Kipa ni 'porter', yaani mlinda mlango. Kuotea ni 'fora de joc', yaani nje ya mchezo. Mpira wa kichwa ni 'cop de cap', pigo la kichwa.

Puyal hakuishia hapo. Mwaka 1985 alihamia Catalunya Ràdio, na kwenye runinga ya TV3 akaendesha kipindi 'Vostè jutja'. Mwaka 2009 baraza lile lile la 1907 lilimpokea katika kitengo chake cha lugha. Naam, mtangazaji wa mpira akaketi na wanaleksikografia! Alistaafu kutangaza soka mwaka 2018.

Je, sisi tunajifunza nini? Kwanza, istilahi huishi ikitamkwa. Sisi wasomi tumeunda maneno chungu nzima yanayolala rafuni, ilhali 'kipa', 'kona' na 'kupiga chenga' hayahitaji mtetezi. Na 'mlinda lango' letu limepita njia ile ile ya 'porter' wao.

Pili, mtangazaji ni mhudumu wa lugha, si mpiga domo tu. Idara zetu za Kiswahili zinafaa kukaa naye, zimsikilize kabla ya kumsahihisha. Naye asikimbilie Kiingereza kila sentensi inapomkwama, eti wasikilizaji wataelewa tu.

Kikatalani kilinyamazishwa kwa amri ya dola. Kiswahili ni lugha ya taifa na lugha rasmi kwa mujibu wa Katiba ya 2010. Hakuna anayetuzuia kukitumia. Kikinyamaza redioni, basi tutakuwa tumekinyamazisha wenyewe.