Wapiga Sinema Waliokaa na Tembo wa Tsavo

Mkulima wa Salaita, penye kilima kilichopiganiwa na majeshi ya Waingereza na Wajerumani tarehe 12 Februari, 1916, hahitaji kufundishwa habari za tembo. Nyika ya Tsavo i jirani naye. Mahindi yakikaribia kukomaa hukesha katika dungu akisikiliza, kwa maana tembo wakiingia shambani usiku mmoja tu, jasho la msimu mzima hupotea. Lakini wako watu wengine waliokesha katika nyika hiyo hiyo kwa kusudi jingine, nao ni wapiga picha za sinema.

Bwana Mark Deeble na Bibi Victoria Stone, wenyeji wa Uingereza, walipiga kwanza picha za viboko katika chemchemi za Mzima, Tsavo Magharibi, na sinema hiyo ilitoka mwaka 2001. Baadaye walirudi Tsavo kwa ajili ya tembo, na kazi ya kupiga picha ikachukua miaka minne. Sinema yenyewe, The Elephant Queen, yaani Malkia wa Tembo, ilionyeshwa mara ya kwanza mwaka 2018, mjini Toronto, nchi ya Kanada.

Kwa nini miaka minne? Katika sinema za hadithi mwenye kazi huwaamuru wachezaji wasimame wapi na waseme nini. Tembo haamrishwi. Mpiga picha hana budi kujificha karibu na maji, kutulia, na kungoja siku baada ya siku. Mvua haiharakishi, wala ukame hauzuii. Ukame ulipokaza, ndama mmoja alikufa, na sinema haikulificha jambo hilo.

Kungoja huko kuna faida yake, kwa kuwa huonyesha mambo ambayo mpita njia hayaoni. Tembo akigaagaa dimbwini huondoka na tope mwilini, na dimbwi huzidi kina. Kinyesi chake hulisha mende wanaokibingirisha. Hata dimbwi likikauka, mayai ya samaki wadogo hukaa hai ardhini mpaka mvua inyeshe tena.

Bwana Deeble alimtazama pia dume mkubwa aliyeitwa Satao, ambaye pembe zake zilikaribia kugusa ardhi. Alimwona akiyaendea maji polepole, akisimama na kukiingiza kichwa chake kichakani, akafikiri kwamba mnyama yule anazificha pembe zake. Mwaka 2014 majangili walimwua Satao kwa mshale wa sumu.

Sinema hiyo imetiwa maneno ya Kiswahili, na kwa njia ya sinema ya kutembea imepelekwa kwa watu wa vijijini nchini Kenya. Ni haki ifike huko, kwani ndio wanaolipa gharama ya kuishi na mnyama huyu.

Kweli, picha hazimrudishii mkulima mahindi yake. Ua imara, askari wa wanyama wanaofika upesi, na fidia isiyocheleweshwa bado ni mambo ya lazima. Lakini wanaoamua ua upite wapi, na njia ya tembo iachwe wapi, wanahitaji mashahidi wawili: mkulima aliyekesha katika dungu, na mpiga picha aliyeona tembo wakitembea na kiu mchana kutwa.