Mtawa au Mwombaji? Kutafsiri Maisha ya Wabudha wa Kale

Kwa mwalimu wa tafsiri aliyeko Kigali, Ndera ni mahali pazuri pa kuanzia somo la utawa. Katika sekta hiyo ya Wilaya ya Gasabo ipo seminari ndogo ya Mtakatifu Vincent wa Paulo, na ipo hospitali ya magonjwa ya akili iliyoanzishwa na mabruda wa shirika la Frères de la Charité. Hospitali hiyo inajulikana nchini kote, kiasi kwamba mtu akisema "Ndera" mara nyingi huwa na maana ya hospitali, si kilima. Kwa hiyo mwanafunzi wetu akikutana na neno la Kiingereza au la Kifaransa linalomtaja mtu aliyeacha ndoa na mali kwa ajili ya dini, picha tayari anayo: ni bruda mwenye nadhiri, anayeishi katika nyumba ya shirika na kuwahudumia wagonjwa. Kinyarwanda nacho kinamsukuma huko huko, kwa kuwa humwita mtu wa namna hiyo umwihayimana, yaani aliyejitoa kwa Mungu.

Katika makala haya tunakusudia kuonyesha kwamba picha hiyo, pamoja na heshima yake yote, humpotosha mfasiri anapoyafikia maandishi ya kitaaluma kuhusu Wabudha wa kale. Wafuasi wa Buddha, ambaye wataalamu wengi leo humweka katika karne ya 5 kabla ya Kristo, hawakujitoa kwa Mungu muumba. Walijitoa katika maisha ya nyumbani ili wafuate njia ya kuukomesha uchungu wa maisha. Mfasiri akiandika "waliojitoa kwa Mungu" amekwisha kuwabatiza kabla msomaji hajafika kwenye nukta.

Kiswahili Sanifu kinatupa neno mtawa, na wengi wetu hulitumia bila kusita. Lakini neno hili linatokana na kitenzi kutawa, ambacho maana yake ni kukaa ndani bila kutoka. Katika matumizi ya zamani lilisemwa hasa kwa mwanamke asiyeonekana nje, na kutoka hapo likapata maana ya mchamungu. Neno la Kipali ni bhikkhu, kwa Kisanskriti bhikshu, na asili yake ni kuomba: bhikkhu ni mtu anayetoka asubuhi na bakuli lake, anapita nyumba kwa nyumba na kupokea chakula alichopewa. Neno letu linamfungia ndani, nalo lao linamtoa nje.

Je, tuandike "mwombaji"? Hapo tunaingia katika shida nyingine. Katika barua za ofisini mwombaji ni mtu anayetafuta kazi, na mitaani ombaomba ni neno la dharau. Bhikkhu hakuwa na dharau hiyo. Aliyempa chakula aliamini kwamba anajipatia thawabu, na mpokeaji hakupaswa kubembeleza.

Jambo hili si la maneno matupu, kwa sababu historia ya utawa wa Kibudha ni historia ya kutoka nje na kuingia ndani. Sheria za watawa, zinazoitwa Vinaya, zinasimulia kwamba watu walilalamika kuwaona wafuasi wa Buddha wakisafiri hata wakati wa masika, wakikanyaga majani mabichi na wadudu wadogo. Ndipo ikaamriwa watulie mahali pamoja kwa miezi mitatu ya mvua. Mkulima yeyote wa vilima vya Ndera ataelewa lalamiko hilo bila kuhitaji maelezo. Wanahistoria wengi wanaona kwamba makao ya kudumu yalikua kutokana na desturi hiyo ya mvua. Kwa maneno mengine, bhikkhu alianza kutawa kwa msimu, kisha akatawa mwaka mzima.

Vinaya sita zimehifadhiwa zikiwa kamili au karibu kamili, kila moja ya madhehebu yake. Ya Theravada ipo kwa Kipali, na nyingine zimetufikia hasa kwa Kichina na Kitibeti. Orodha ya Kipali ina kanuni 227 kwa wanaume na 311 kwa wanawake, na husomwa mbele ya jumuiya kila nusu mwezi. Msomaji akizipitia atashangaa zinavyogusa mambo ya kawaida kabisa: kushona vazi, kutunza bakuli, kugombania kitanda. Tunapenda sana kisa cha mgonjwa wa kuhara aliyeachwa amelala katika uchafu wake kwa kuwa wenzake walimwona hana faida kwao. Buddha mwenyewe alimwosha, akisaidiwa na Ananda, kisha akawaambia wengine kwamba hawana mama wala baba wa kuwauguza, hivyo wasipouguzana wao kwa wao hakuna atakayewauguza. Na anayetaka kumhudumia yeye amhudumie mgonjwa. Baada ya kisa hicho inafuata kanuni kwamba bhikkhu akifa, bakuli na mavazi yake wapewe waliomuuguza.

Hapa bruda wa Ndera na bhikkhu wa kale wanakaribiana kweli, na hatuoni sababu ya kulificha hilo. Hata hivyo, mfasiri asichukue kufanana kwa kitendo akakugeuza kuwa kufanana kwa imani. Asisahau pia kwamba kanuni haituambii moja kwa moja watu walivyoishi. Mara nyingi inatuambia kile ambacho watunga sheria walikiogopa.

Mtaalamu wa Marekani, Gregory Schopen, alilisisitiza jambo hili kuanzia miaka ya 1980. Alisema wenzake walikuwa wakiamini mno vitabu na kupuuza mawe. Maandishi yaliyochongwa Sanchi na Bharhut nchini India yanawataja watawa wengi, wanaume kwa wanawake, wakitoa sadaka kwa majina yao. Mtu asiye na kitu atatoa nini? Naye aliposoma Vinaya ya Mulasarvastivada, ambayo sehemu yake ya Kisanskriti ilipatikana Gilgit mwaka 1931, alikuta kanuni za mirathi na hata za kukopesha fedha kwa riba. Picha ya fukara asiye na senti ilibidi ifikiriwe upya.

Mjadala kuhusu Mahayana, yaani Chombo Kikuu, unatufunza zaidi. Shirika la mabruda wa Ndera lilianzishwa mwaka 1807 katika mji wa Ghent, Ubelgiji. Katika mji huo huo alifundisha Louis de La Vallée-Poussin, mmoja wa mabingwa wa taaluma ya Ubudha. Mwanafunzi wake, Étienne Lamotte, alikuwa padri na profesa wa Louvain. Lamotte alieleza Mahayana kwa kutilia mkazo msukumo wa walei dhidi ya watawa. Huko Japani, Akira Hirakawa naye alidai kwamba Mahayana ilizaliwa miongoni mwa walei waliokusanyika kwenye stupa, yale majengo ya kuhifadhia masalia ya Buddha. Maelezo hayo yalitawala kwa miaka mingi. Baadaye wakosoaji walitambua kwamba kila mmoja alikuwa ameona India ya kale mambo yanayofanana na ya kwao: huku mapadri na walei, huku nchi ambayo makasisi wa Kibudha huoa na vyama vya walei vina nguvu.

Uchunguzi wa maandishi yenyewe umeleta picha nyingine. Jan Nattier, katika kitabu chake cha mwaka 2003 kuhusu sutra ya Ugra, alionyesha kwamba wanaotajwa humo wakifuata njia ngumu ya bodhisatva walikuwa watu wachache ndani ya jumuiya za kawaida, wala hawakuwa dhehebu lililojitenga. Yijing, mtawa wa China aliyesafiri kati ya mwaka 671 na 695, aliandika kwamba pande zote mbili zinashika Vinaya moja. Tofauti ni kwamba wa Mahayana huwaheshimu mabodhisatva na kusoma sutra zao. Kwa hiyo tukiwaita "kanisa jipya" au "walokole", kama tulivyowahi kusoma katika zoezi moja, tunaunda mfarakano ambao haukuwapo. Vivyo hivyo tusimwandikie msomaji "Chombo Kidogo" kwa neno Hinayana tukidhani linataja ukubwa tu. Hina ni kitu duni, na jina hilo lilikuwa tusi.

Tufanyeje basi darasani? Waliotutangulia katika kazi hii walichagua njia mbili. Wachina walilichukua neno kwa sauti yake wakasema biqiu. Watibeti walitafsiri, wakaunda gelong, yaani mwombaji wa wema, na hivyo wakaliokoa lisidharauliwe. Kiswahili kimezoea njia ya kwanza: padri tulimpata kwa Wareno, askofu na kasisi kwa Waarabu. Wala bhikkhu si mgeni kabisa kwetu, maana Dar es Salaam lipo hekalu la Kibudha lenye asili ya Wasinhala, na Uganda kipo kituo cha Wabudha kilichoanzishwa mwaka 2005 na bhikkhu Mganda, Buddharakkhita.

Sisi tunapendekeza bhikkhu, katika ngeli ya mtu (bhikkhu huyu, mabhikkhu hawa), kila matini inapozungumzia watu wa kale wa safari na bakuli. Mtawa tulibakishe kwa matini zinazohusu makao ya kudumu, mali na uongozi wake. Wanafunzi wa mwaka wa tatu wajaribu kwanza kisa cha mgonjwa wa kuhara, watoe tafsiri mbili, moja kwa kila neno, kisha waangalie ni vitenzi gani vingine vililazimika kubadilika.