Wasomi wa Uganda chini ya Idi Amin

Wasomi wa Uganda chini ya Idi Amin walikuwa wahadhiri, majaji, mawaziri na waandishi walioishi katika utawala wa kidikteta uliodumu kuanzia mapinduzi ya tarehe 25 Januari 1971 hadi kutekwa kwa Kampala tarehe 11 Aprili 1979. Walilazimika kuchagua kati ya kushirikiana na serikali, kunyamaza, kukimbilia nje au kuhatarisha maisha yao.

Kushirikiana

Amin alikuwa na elimu ndogo ya shule, hivyo alihitaji wasomi kuendesha wizara. Baraza lake la kwanza lilikuwa na raia wengi wenye shahada. Baadhi ya wasomi walimpokea vizuri kwa kuwa walichoshwa na serikali ya Milton Obote.

Hofu

Mwaka 1972 Jaji Mkuu Benedicto Kiwanuka alikamatwa akiwa mahakamani, akauawa. Mwaka huohuo Frank Kalimuzo, makamu mkuu wa Chuo Kikuu cha Makerere, alichukuliwa na hakuonekana tena. Tangu hapo ilieleweka kwamba cheo hakimkingi mtu. Edward Rugumayo, waziri wa elimu, alijiuzulu mwaka 1973 akiwa nje ya nchi.

Njia za kati

Henry Kyemba alibaki serikalini hadi mwaka 1977, akiwa waziri wa afya katika miaka ya mwisho. Alipokimbilia Uingereza alichapisha kitabu A State of Blood kuhusu mauaji ya utawala huo. Kisa chake kina pande mbili: kwa kubaki aliisaidia serikali kuendelea na kazi, lakini kwa kubaki pia aliyajua mengi aliyoyatolea ushahidi baadaye.

Mwandishi wa tamthilia Robert Serumaga aliendelea na kundi lake la Abafumi, lililotegemea zaidi miondoko ya mwili na nyimbo kuliko maneno. Mchezo usio na maneno ni mgumu kushtakiwa, ila pia unaweza kutumiwa na serikali kama pambo. Baadaye Serumaga alijiunga na wapinzani wa Amin. Byron Kawadwa, mkurugenzi wa Jumba la Taifa la Maonyesho, aliuawa mwaka 1977.

Baada ya Amin

Mkutano wa Moshi, Tanzania, wa Machi 1979 ulimchagua Yusuf Lule, aliyewahi kuongoza Makerere, kuwa kiongozi wa umoja wa wapinzani. Rugumayo aliongoza baraza lake la ushauri. Hivyo waliowahi kumtumikia Amin walikuwa pia miongoni mwa warithi wake.