Nyonga ikivunjika, usikande: mgonjwa afikishwe hospitali siku hiyo hiyo

Abiria wa bodaboda anaangushwa na gari kwenye kona. Anainuliwa, anapanguswa vumbi. Hana jeraha la kutisha, ila mguu mmoja hawezi kuukanyaga. Waliomzunguka wanasema ameteguka kiuno. Anapelekwa nyumbani, anakandwa kwa maji moto na mafuta, na wiki tatu baadaye anabebwa hadi hospitalini akiwa bado hawezi kusimama. Picha inaonyesha kwamba kikombe cha nyonga kilivunjika vipande, na vipande hivyo vimeanza kushikana vikiwa vimepinda. Kwa mvunjiko wa aina hii, wiki hizo tatu ndizo zilizokuwa na thamani kuliko zote.

Nyonga ni kiungo cha kikombe na mpira. Kikombe kiko kwenye mfupa mpana wa kiuno, kimoja kila upande, na ndani yake huzunguka kichwa cha mfupa wa paja, ambacho ni cha mviringo. Nyuso zote mbili zimefunikwa na gegedu, tabaka telezi linalozuia mifupa isikwaruzane. Mtu anapotembea, uzito wa mwili hupitia hapo. Kwa hiyo ufa ambao ungekuwa jambo dogo kwenye ubavu huwa jambo kubwa kwenye kikombe. Kikiunga na kidato ndani yake, kila hatua humega gegedu, na baada ya miaka michache kiungo huwa kimesagika.

Kwa vijana na watu wa makamo, mvunjiko huu hutokana na kishindo kikubwa: ajali ya pikipiki au matatu, kuanguka kutoka kwenye mjengo au juu ya mti. Abiria wa kiti cha mbele huumia kwa namna yake. Goti hugonga dashibodi, nguvu ikapita ndani ya paja, na kichwa cha mfupa kikasukumwa nyuma hadi kuvunja ukingo wa kikombe. Kwa wazee ambao mifupa yao imepungua uimara, kuteleza bafuni tu kunatosha. Mzee aliyeanguka na anayelalamika maumivu ya kinena kila akijaribu kusimama apigwe picha, hata kama hakuna uvimbe unaoonekana.

Wakati mwingine kichwa cha mfupa wa paja hutoka kabisa ndani ya kikombe. Mara nyingi mguu huonekana mfupi kuliko mwenzake, goti limekunjika na kuelekea ndani. Hapo saa zinahesabiwa. Mishipa inayopeleka damu kwenye kichwa hicho hubanwa au kukatika, na mfupa usiopata damu hufa. Madaktari hujitahidi kuurudisha mahali pake haraka, ikiwezekana ndani ya saa 6, mgonjwa akiwa amepewa dawa ya usingizi. Hii si kazi ya kuvuta mguu kando ya barabara. Nyuma ya nyonga hupita neva kubwa ya mguu. Ikijeruhiwa, mgonjwa hushindwa kuinua wayo au huhisi ganzi. Akiona hivyo aseme mapema.

Aliyeumia asikalishwe katikati ya watu wawili kwenye pikipiki ili apelekwe hospitali. Alazwe chali juu ya ubao au machela, mguu uachwe ulivyo, na afunikwe blanketi. Mifupa ya kiuno inaweza kuvuja damu nyingi ndani bila hata tone kuonekana nje. Jasho baridi, kizunguzungu na mapigo ya moyo ya haraka ni dalili za hatari. Katiba, kifungu cha 43, inasema hakuna mtu atakayenyimwa matibabu ya dharura, kwa hiyo familia isimcheleweshee mgonjwa nyumbani ikitafuta pesa kwanza.

Hospitalini picha ya kwanza ni eksirei. Kikombe ni vigumu kukisoma kwa picha moja ya mbele, hivyo mgonjwa huinamishwa upande mmoja kisha mwingine, kwa pembe ya digrii 45, apigwe nyingine mbili. Utaratibu huo ulitoka kwa madaktari wa Ufaransa, Robert Judet na Émile Letournel, ambao mwaka 1964 walichapisha kazi iliyobadilisha matibabu haya. Kabla yao wagonjwa wengi walilazwa kitandani tu na kungoja. Siku hizi picha ya CT huongezwa ili daktari aone vipande vilivyojificha ndani ya kiungo.

Si kila mvunjiko hupasuliwa. Vipande vikiwa havijahama, au vimeachana kwa chini ya milimita 2 hivi na kichwa cha mfupa kimetulia ndani ya kikombe, mgonjwa hutembea kwa magongo bila kuukanyagia mguu huo, na picha hurudiwa kuhakikisha hakuna kilichosogea. Wengi huuliza kwa nini hawafungwi plasta. Plasta haiwezi kukishika kikombe kilicho ndani kabisa ya kiuno.

Vipande vikiwa vimehama, daktari bingwa wa upasuaji wa mifupa huvipanga upya na kuvifunga kwa vibamba vya chuma na skrubu. Ni upasuaji mrefu na mgumu, na mgonjwa anaweza kuhitaji kuongezewa damu, kwa hiyo jamaa wanaojitokeza kuchangia husaidia sana. Mara nyingi hufanywa siku chache baada ya ajali, mgonjwa akishatulia, na vyema kabla ya wiki mbili kupita. Baada ya wiki tatu mfupa mpya umeshajaza nyufa, na kuupanga sawasawa huwa kazi ngumu zaidi. Ikiwa hospitali iliyo karibu haina bingwa wa kazi hii, familia iulize kuhusu rufaa siku za mwanzo, isingoje mwezi uishe. Iulize pia nani atalipia vyuma, na kama mgonjwa amesajiliwa na Mamlaka ya Afya ya Jamii, SHA. Usajili hufanywa kwa simu kupitia *147#.

Kuhusu kukanda: nia ya wakandaji ni njema, na kwa misuli iliyochoka mikono yao husaidia. Kwenye nyonga iliyovunjika, mkono huohuo husogeza vipande. Tena mtu aliyelala siku nyingi anaweza kugandiwa na damu kwenye mishipa ya mguu. Donge hilo likichomoka na kufika kwenye mapafu huua kwa ghafla. Ndiyo sababu wagonjwa wengi hupewa dawa za kuzuia damu kuganda, nao hawapaswi kuziacha bila kumuuliza daktari. Ndama ya mguu ikivimba na kuuma, au pumzi ikikatika, ni kurudi hospitali mara moja.

Baada ya upasuaji mgonjwa hutumia magongo kwa wiki 8 hadi 12, akigusa chini kwa ncha ya wayo tu. Mtaalamu wa mazoezi ya viungo humwonyesha namna ya kuamka, kugeuka na kupanda ngazi. Jambo linalosahaulika ni choo. Kuchuchumaa kwenye choo cha shimo hukunja nyonga kupita kiasi na kunaweza kulegeza kilichofungwa, kadhalika kukaa kwenye kigoda jikoni. Fundi seremala wa mtaani anaweza kutengeneza kiti kirefu chenye tundu, kiwekwe juu ya shimo kabla mgonjwa hajaruhusiwa kwenda nyumbani.

Hata aliyetibiwa vizuri anaweza kupata maumivu ya kiungo miaka ya baadaye, na baadhi huhitaji kubadilishiwa nyonga kwa ya bandia. Kwa sababu hiyo kliniki za marudio zisirukwe hata maumivu yakiisha, na picha zote za eksirei zitunzwe nyumbani mahali pakavu, kwani daktari atataka kulinganisha ya leo na ya siku ya ajali.