Kabla ya Kuondoa Kesi ya Deni Mahakamani

MTANGAZAJI: Msikilizaji wetu wa Lobule, Imvepi na Rhino Camp, umemshtaki mtu mahakamani Koboko au Arua kwa sababu ya deni. Sasa amekuja nyumbani: "Ndugu yangu, ondoa kesi, nitakulipa kidogo kidogo." Ufanye nini?

Kupatana ni vizuri, na sheria ya Uganda inaruhusu, hata kwa madai madogo yasiyozidi shilingi milioni 10, ambayo hayahitaji wakili. Lakini usiondoe kesi kwa ahadi ya mdomo. Andikeni deni ni kiasi gani, atalipa kiasi gani, na siku zipi. Tieni sahihi au dole gumba mbele ya mashahidi. Kisha mwombeni hakimu aandike makubaliano hayo kuwa hukumu. Asipolipa, utaomba hukumu itekelezwe. Hutaanza kesi upya.

Nawe unayedaiwa, usikose siku ya kesi kwa kuwa mmepatana nyumbani. Mpaka mahakama iandike, kesi bado ipo, na unaweza kuhukumiwa usipokuwepo. Kila ukilipa, omba risiti.

Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari.