Mama wa Elsa na wakulima wa Lindi

Mkulima wa Ruangwa anapopanda dunguni jioni kulinda mtama wake, mwizi anayemngojea ni nguruwe pori. Anayemfuata nguruwe huyo ndiye wa kutisha. Mwaka 2005 jarida la kisayansi la Nature lilichapisha utafiti wa Craig Packer na wenzake, wakiwamo Watanzania Dennis Ikanda na Bernard Kissui, ulioonyesha kwamba kati ya Januari 1990 na Septemba 2004 simba waliua watu wasiopungua 563 nchini Tanzania na kujeruhi wengine wasiopungua 308. Kusini mashariki, Lindi ikiwamo, ndiko kulikoumia sana. Watafiti walieleza jinsi inavyotokea. Wanyama ambao simba angewawinda wamepungua, nguruwe pori wamebaki, na nguruwe huja shambani. Simba naye huja nyuma yao, na shambani yupo mtu amelala kwenye kibanda cha miti na nyasi. Kwa hiyo mashambulizi huongezeka wakati wa mavuno.

Katika miaka hiyohiyo, mamilioni ya watu wa Ulaya na Marekani walimjua simba kwa jina moja la upendo: Elsa. Na binadamu waliyemkumbuka akiwa kando ya Elsa alikuwa mwigizaji wa Kiingereza, Virginia McKenna. Ningependa wasomaji wa Nachingwea na Ruangwa wamjue mama huyu, kwa sababu kazi yake inawagusa kuliko wanavyodhani.

McKenna alizaliwa London tarehe 7 Juni 1931, na sehemu ya utoto wake aliishi Afrika Kusini. Aliporudi Uingereza alisomea uigizaji, kisha akaanza kupanda majukwaani akiwa bado msichana. Wakati huo Waingereza wengine walikuwa Nachingwea, wakifyeka misitu kwa matingatinga ili kupanda karanga. Mradi ule ulianza mwaka 1947, ukafutwa mwaka 1951 baada ya kumeza pauni milioni 36, na hapo McKenna ndiyo kwanza alikuwa anaanza kutambulika London. Msimu wa 1954 na 1955 alikuwa katika kundi la Old Vic, jumba lenye heshima kubwa kwa tamthilia za Shakespeare.

Mwaka 1955 aliigiza pamoja na Dirk Bogarde katika filamu iliyoitwa Simba. Jina lilikuwa la Kiswahili lakini hadithi ilikuwa ya vita vya Mau Mau nchini Kenya, ikitazamwa kutoka kwenye veranda ya mlowezi. Mwafrika katika filamu ile ni kitisho kilichojificha gizani, au mtu mwema anayekufa ili mzungu ajifunze. Siwezi kuisifu. Naitaja kwa sababu ndiyo mara ya kwanza McKenna kuisimulia Afrika Mashariki kwa ulimwengu, na tayari mwenye shamba dogo alikuwa hana sauti.

Baadaye zikaja kazi zilizompa jina. A Town Like Alice ya mwaka 1956, kuhusu wanawake walioswagwa na Wajapani kutoka kambi hadi kambi huko Malaya, ilimpatia tuzo ya BAFTA. Miaka 2 baadaye, katika Carve Her Name with Pride, alikuwa Violette Szabo, jasusi kijana aliyeuawa na Wanazi. Ukiziangalia filamu hizi leo unaona kipaji chake kilipolala. Hapigi kelele. Anasimama, anatazama, maumivu yanapita usoni bila kusukumwa, na mtazamaji anajikuta ameyabeba yeye. Ni kipaji adimu, na ndicho kilichokuja kumfaa alipokutana na mnyama asiyesema.

Mwaka 1964 yeye na mumewe, mwigizaji Bill Travers, walihamia Kenya kutengeneza Born Free, iliyotoka mwaka 1966. Hadithi ni ya kweli: Joy na George Adamson walimlea Elsa, mtoto wa simba aliyebaki yatima, wakamfundisha kuwinda na kumrudisha porini. George Adamson mwenyewe alikuwa mshauri wa filamu. McKenna na Travers, waliocheza nafasi zao, walikataa kuigiza kwa mbali. Walitembea na simba wa filamu hiyo kila siku mpaka wakazoeana, na ule utulivu wake wa jukwaani ukapata mwenzi. Filamu ilichukua Oscar 2 za muziki, lakini ushindi wake mkubwa ulikuwa mioyoni. Mtu ambaye hajawahi kukanyaga Afrika alitoka sinema akiamini kwamba anamjua simba.

Simba wengi waliotumika walipelekwa kwenye bustani za wanyama, jambo lililowaumiza sana McKenna na mumewe. Watatu, Boy, Girl na Ugas, walipewa Adamson awarudishe porini, na hatua hiyo ikatengenezewa filamu nyingine. Sehemu inayofuata husimuliwa kwa haraka Ulaya, nami nataka nisimame hapa. Mwaka 1971, huko Kora, Kenya, Boy alimuua msaidizi wa Adamson, Mwafrika aliyeitwa Stanley. Adamson akampiga risasi Boy palepale. Jina la Boy limo katika vitabu, picha na kumbukumbu za wapenzi wa filamu ile. Stanley amebaki aya moja ndani ya habari za simba.

Simlaumu McKenna kwa hilo. Nalisema kwa sababu linafanana mno na yanayotokea kwetu. Jina la aliyeuawa dunguni hutajwa msibani, kisha linabaki kwa jamaa zake.

Aliyembadilisha McKenna moja kwa moja alikuwa tembo. Mwishoni mwa miaka ya 1960 yeye na mumewe walikuwa Tsavo wakitengeneza filamu nyingine, na mmoja wa waigizaji alikuwa tembo mtoto aliyeitwa Pole Pole. Serikali ya Kenya ilikuwa imemtoa zawadi kwa bustani ya wanyama ya London. Waigizaji hao walitaka kumnunua wamwache porini, wakaambiwa kwamba akibaki yeye atakamatwa mwingine. Pole Pole akaenda London. Miaka mingi baadaye walikwenda kumtembelea, wakamwita, naye akawanyooshea mkonga kwa mbali. Mwaka 1983 alikufa mikononi mwa bustani ile, akiwa bado kijana kwa umri wa tembo.

Wakati huo McKenna hakuwa mwigizaji aliyechuja. Mwaka 1974 alikuwa ameigiza katika televisheni kama mke wa Winston Churchill, Richard Burton akiwa Churchill. Mwaka 1979 aliimba jukwaani na Yul Brynner katika The King and I kwenye jumba la Palladium, akapata tuzo kubwa ya majumba ya London. Njia ilikuwa wazi. Alichagua kutumia jina lake kwa ajili ya Pole Pole: mwaka 1984 yeye na mumewe walianzisha Zoo Check, ambayo mwaka 1991 ikawa Born Free Foundation. Travers alifariki mwaka 1994, naye akaendelea, hadi akapewa cheo cha Dame kwa kazi zake. Waigizaji wengi hukopesha sura zao kwa jambo jema kwa wiki moja. Huyu alilitumikia kwa miongo, na kwa hilo namheshimu kwa dhati.

Kazi hiyo imefika mbali. Machi 2023 Bunge la Makabwela la Uingereza lilipitisha muswada wa kuzuia nyara za uwindaji kuingizwa nchini humo, Born Free ikiwa miongoni mwa waliousukuma, kabla haujakwama kwenye Baraza la Mabwana. Uwindaji wa kitalii umekuwa ukilipia sehemu ya ulinzi wa mapori yetu, Selous likiwamo. Kura ya London, basi, inafika Liwale na Nachingwea. Aliyepiga kura hiyo alimwona Elsa utotoni. Hakuna aliyemwonyesha shamba la mahindi la Nachingwea asubuhi baada ya tembo kupita.

Nao tembo wanapita kweli. Wanatoka upande wa Liwale na mapori ya Selous, wanaingia Nachingwea hadi Ruangwa, wanavunja mihogo na mahindi, na wameua watu. Wakulima wanapambana kwa kupiga madebe, kwa kamba zilizopakwa pilipili na oili chafu, na kwa mabomu baridi ya askari wa wanyamapori. Anayeharibiwa shamba hulipwa kifuta jasho, anayefiwa hulipwa kifuta machozi. Kanuni za mwaka 2011 ziliweka shilingi 1,000,000 kwa familia ya aliyeuawa. Kwa fedha hiyo mjane alitakiwa asomeshe watoto na alime tena shamba lilelile, penye njia ileile ya tembo.

Ninachokiona katika maisha ya McKenna ni kwamba hisia za watu wa mbali hutengenezwa kwa ufundi, na ufundi huo tunao. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1980, Penina Mlama, Amandina Lihamba na wenzao wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walikwenda vijijini kufanya sanaa za maonyesho kwa maendeleo, ambapo wanakijiji wenyewe huchambua tatizo lao, hulitungia igizo na kulicheza mbele ya viongozi. Bagamoyo kuna TaSUBa, inayofundisha waigizaji kila mwaka. Halmashauri za Nachingwea na Ruangwa zingeweza kuwaita vijana hao wakae vijijini msimu mzima wa mavuno, walale wanapolala wakulima, kama McKenna alivyokaa na simba kabla kamera haijawashwa.

Mwigizaji wa kike wa Kitanzania akimpata mama wa Ruangwa jinsi alivyo, hofu yake, mahesabu yake ya ufuta na hata jinsi anavyomheshimu tembo, filamu hiyo ipelekwe London. Ioneshwe kwa wabunge na kwa wafadhili wa hifadhi. Na ningependa watu wa Born Free wawe safu ya mbele, kwa sababu miongoni mwa wazungu wote hao ndio wanaojua vizuri zaidi kile mwigizaji mmoja anachoweza kufanya.