Josh Gibson na Majina Yasiyoandikwa ya Kikula

Mwezi Mei 2024, ligi kuu ya besiboli ya Marekani iliingiza rasmi katika kumbukumbu zake takwimu za ligi za weusi zilizochezwa kati ya 1920 na 1948. Mara moja mtu aliyekuwa amekufa kwa miaka 77 akawa mpigaji mwenye wastani bora wa nyakati zote: Josh Gibson, wastani wa upigaji wa .372, akimpita Ty Cobb wa ligi ya wazungu mwenye .367. Gibson alikuwa mdakaji, yule anayechuchumaa nyuma ya mpigaji akiwa na kinyago cha chuma na kinga ya kifua, akipokea mpira mgumu mchezo mzima, kazi inayoumiza magoti na vidole. Aliifanya katika Homestead Grays na Pittsburgh Crawfords, enzi ambazo wachezaji weusi walilala ndani ya basi kwa sababu hoteli ziliwakataa. Alifariki Januari 1947, akiwa na miaka 35. Miezi mitatu baadaye mweusi mwenzake, Jackie Robinson, akaingia ligi ya wazungu. Kaburi la Gibson lilikaa bila jiwe la jina hadi 1975.

Habari hii inatuhusu sisi wa Likasi, Kongo. Wakati wa ukoloni, mji wetu ulipoitwa Jadotville, wazungu walikaa mitaa yao, na Waafrika walikaa Kikula na katika kambi za kampuni ya madini ya Union Minière. Mpira wa miguu nao ulifuata mpaka huohuo. Ubaguzi uliwanyima wachezaji wetu uwanja mzuri, na pia uliwanyima kuandikwa. Kunyimwa huko kwa pili ndiko kunakoendelea kuuma. Golikipa Kazadi Mwamba wa klabu ya Mazembe, aliyezaliwa mwaka uleule aliokufa Gibson, tunamjua: Kombe la Afrika 1968 na 1974, Kombe la Dunia 1974, yote yameandikwa. Lakini nani alilinda goli Kikula mwaka 1950? Wa kuulizwa ni wazee wetu.

Wapo watakaosema kwamba kumbukumbu za wazee hutia chumvi. Ni kweli, na kisa cha Gibson kinathibitisha. Kibao chake katika jumba la mashujaa wa besiboli kule Cooperstown kinamtaja kuwa na karibu mipigo 800 ya kuvuka uwanja, lakini rekodi rasmi inahesabu 174, kwa kuwa watafiti walikubali tu michezo ya ligi yenye ushahidi, hasa wa magazeti ya zamani. Kwa hiyo utafiti ulipunguza sifa zake na bado ukampandisha juu ya Cobb. Wengine hulalamika kwamba misimu ya weusi ilikuwa mifupi, kwa hiyo wastani wake hauna uzito. Hoja hiyo ina nguvu kidogo, ila inasahau kwamba Cobb naye hakuwahi kukutana katika ligi yake na warushaji bora weusi. Rekodi za pande zote mbili zilipatikana katika mchezo uliokatwa nusu.

Sisi hatuanzi mikono mitupu. Tangu 1957 kampuni ilikuwa na gazeti lake la wafanyakazi, Mwana Shaba, na familia nyingi zina picha za timu zilizopangwa mistari miwili. Basi, mwenye picha ya namna hiyo aitoe leo, amkalishe mzee anayezitambua sura, na nyuma ya picha aandike jina la kila mchezaji, timu na mwaka.